Dagaa wa Kigoma na dagaa wa Mwanza si ndugu. Je, Ziwa Tanganyika liliwahi kuwa bahari?

MwishoWaReli · #1

Wakuu, salaam.

Juzi nilikuwa Kibirizi nanunua dagaa wa kumpelekea dada Dodoma. Mama mmoja muuzaji, mtu mzima wa heshima zake, akaniambia huku anapima: "Mwanangu, hawa usiwachanganye na wa Mwanza. Hawa asili yao baharini." Nikajua ni maneno ya kumaliza mzigo. Nimefika nyumbani nikaanza kusoma, usingizi ukakata.

Mama yuko sahihi. Dagaa wetu, wa aina mbili (Stolothrissa na Limnothrissa), ni wa ukoo mmoja na dagaa papa wa pwani. Dagaa wa Ziwa Victoria hawahusiani nao kabisa, wao wako upande wa ningu na samaki wa mitoni. Yaani tumewapa jina moja kwa sababu wote ni wadogo, wanang'aa na wanaanikwa.

Na si dagaa peke yao. Ziwani kuna konyeza, yule mdude wa utelezi kama mwavuli tunayemjua wa baharini. Kuna konokono wenye magamba ya miiba na mapambo kama ya pwani.

Sasa swali langu: ziwa la pili kwa ukubwa duniani, lililo mita 770 na ushee juu ya bahari, katikati ya bara, viumbe hawa walifikaje? Lilikuwa bahari likafungiwa? Wenye elimu karibuni.

---

Karabai · #2

Nimevuta mkeka, nasubiri wajuzi.

---

BintiUjiji · #3

Konyeza nimewaona kwa macho yangu, sikusimuliwa. Tukiwa watoto tunaoga, kuna siku maji yakitulia asubuhi unawaona wengi, wa ukubwa wa sarafu, mwili mweupe unaopitisha mwanga. Sisi watoto tuliwaita macho ya maji. Hawawashi. Unamchota kwa viganja, ukimtoa nje ya maji anabaki tone la ute tu, hana umbo tena.

Babu alikuwa anasema ziwa hili "lina mkono wa bahari", kwamba chini kuna njia. Tulikuwa tunacheka.

---

MnyamweziWaKati · #4

Watu wa Kigoma mnajua kujipa sifa! Mmeshachukua mwisho wa reli, sasa mnataka na bahari.

Nauliza swali la kawaida kabisa. Kama ni bahari, chumvi iko wapi? Nimekunywa maji ya hilo ziwa mara nyingi, ni matamu. Bahari haipotezi chumvi kama mtu anayepoteza kitambulisho. Dagaa ni dagaa, kikaangoni wote wanalia sauti moja.

---

ChumviYaUvinza · #5

Chumvi iko wapi? Ndugu wa #4, ukitoka Tabora kwa treni kuja Kigoma unapita juu yake! Uvinza, pale Ruchugi inapokaribia Malagarasi, kuna chemchemi za maji ya chumvi. Waliochimba mabaki ya kale pale wamekuta vyungu vya kuchemshia chumvi vya zaidi ya miaka 1,000 iliyopita. Watu walikuwa wanatoka mbali kuifuata, ilikuwa kama fedha. Wajerumani walipokuja wakajenga kiwanda, wakapaita Gottorp.

Mimi nimezaliwa hapo. Bibi alikuwa anatuambia ile ni jasho la bahari iliyozikwa. Sasa niambieni, kilomita 100 tu kutoka ziwani kuna maji ya chumvi yanayotoka ardhini, halafu ziwani kuna konyeza. Hamuoni?

---

MwalimuWaBaiolojia · #6

Mleta uzi asante, hii mada naipenda kuliko mshahara. Naomba nisahihishe na niongeze, mnivumilie kwa urefu.

Kwanza sahihisho la #1. Si la pili duniani kwa ukubwa wa eneo, hapo Victoria linalizidi karibu mara mbili. Ni la pili kwa kina na kwa wingi wa maji, baada ya Baikal la Urusi. Kina chake kinafika mita 1,470. Victoria lina mita 80 hivi tu. Kwa hiyo Tanganyika lina eneo la nusu ya Victoria, lakini maji yake ni karibu mara saba. Na toeni 1,470 kwenye 770: sakafu ya ziwa iko karibu mita 700 CHINI ya usawa wa bahari. Ukisimama Kigoma umesimama juu ya bahari, ila kuna shimo mbele yako linaloipita bahari kwenda chini.

Pili, wazo la bahari si geni. Mjerumani Böhm aliwaona konyeza hawa mwaka 1883. Ulaya walishangaa. Tayari msafiri Mwingereza Speke alikuwa ameokota magamba ya konokono hapa mwaka 1858, na wataalamu wa London walipoyatazama waliona yanafanana na ya baharini. Mwingereza J.E.S. Moore akaja miaka ya 1890, mara mbili, akarudi na hoja nzito kwamba ziwa hili ni kipande cha bahari ya zamani sana kilichobaki nyuma. Kwa hiyo babu wa BintiUjiji na bibi wa Uvinza wana mwenzao msomi.

Hoja ya Moore ilikwama kwa sababu mbili. Konyeza walikuja kuonekana hata Ziwa Victoria na mito ya Afrika Magharibi. Na wanajiolojia walipima umri: ziwa lina miaka milioni 9 hadi 12 hivi, limezaliwa kwa ardhi kupasuka, ule mkono wa magharibi wa Bonde la Ufa. Bara linachanika, ufa unazama, mito inajaza maji. Hakuna bahari iliyofungiwa.

Lakini dagaa ni kweli wametoka baharini. Walipimwa vinasaba. Ndugu zao wa karibu hawako Bahari ya Hindi, wako mito ya Kongo na Afrika Magharibi. Zaidi ya miaka milioni 20 iliyopita, bahari ya Atlantiki ilipoingia bara huko magharibi, samaki hawa walizoea maji baridi, wakabaki mitoni, vizazi kwa vizazi wakapanda mto hadi huku. Kwa hiyo bahari haikuja Kigoma, samaki ndio waliotoka baharini wakaja kwa miguu yao, kwa kusema hivyo.

---

MnyamweziWaKati · #7

Mwalimu nimekuelewa. Kwa hiyo dagaa wa Kigoma ni Wakongo. Hilo nalikubali bila kupinga.

---

BintiUjiji · #8

Hahaha! Ujiji nzima ina damu ya Manyema wa Kongo, hujatutukana, umetutambulisha.

---

BunjuLaPwani · #9

Mimi ni wa Tanga, napita. Mwalimu umesema dagaa, sawa. Mbona hujagusa bunju? Nilifanya kazi Kigoma miaka miwili, nikaonyeshwa samaki aliyevuliwa upande wa mdomo wa Malagarasi, mkubwa, wa njano na mistari kama ramani, wakimtoa majini anajaza tumbo kama mpira. Nikaganda. Huyo ni BUNJU! Sisi pwani tunamjua vizuri, ana sumu, mtoto anafundishwa kumkwepa kabla hajafundishwa kuogelea. Amefikaje Uvinza?

---

MwalimuWaBaiolojia · #10

Mkuu wa #9, umeleta samaki mzuri sana kwenye meza hii. Yupo kweli, na anapatikana pia mto Kongo. Hapo kuna jambo tamu: Malagarasi una samaki kadhaa wa Kongo ambao ziwani huwaoni au wanabaki midomoni mwa mito tu. Wapo wataalamu wanaosema Malagarasi ni mkongwe kuliko ziwa. Zamani ulikuwa unatiririka moja kwa moja magharibi kuungana na Kongo, kisha ardhi ikapasuka ikaukata katikati. Bunju wakabaki upande huu kama abiria walioachwa stesheni.

Na #7, usicheke sana. Mvua ikinyesha Urambo na Kaliua inaingia Malagarasi, inaingia ziwani, inatokea Kalemie kwa mto Lukuga, inaingia Lualaba, inakuwa Kongo, inamwagika Atlantiki. Maji ya Tabora magharibi hayaendi Dar es Salaam. Na wewe ni Mkongo.

---

Karabai · #11

Aisee. Nimeishi Kaliua miaka 6 sikujua hili. Nilidhani mito yote ya nchi hii mwisho wake Bahari ya Hindi.

---

AsaliYaSikonge · #12

Mimi nina maelezo mengine, naomba msinipige. Kwa nini hatusemi watu ndio waliowaleta? Nilikuwa Zambia, kule wanakula kapenta (ndivyo wanavyowaita dagaa) kwa wingi, nikaambiwa hawa kapenta wa Ziwa Kariba walitolewa Tanganyika kwa ndege. Kama sisi tumewapeleka Kariba, kwa nini watu wa kale wasiwe waliwatoa pwani wakawaleta huku? Misafara ya Waarabu na Wanyamwezi ilikuwa inakwenda na kurudi.

---

MwalimuWaBaiolojia · #13

Kariba ni kweli, walipelekwa 1967 na 1968. Kivu walipelekwa kabla ya hapo, mwishoni mwa miaka ya 1950. Wote ni Limnothrissa. Tena Kariba wamedumaa, hawafiki urefu wa hawa wa nyumbani.

Ila misafara hapana. Samaki hawa hukuti wa aina yao pwani yoyote. Wametofautiana na ndugu zao wa baharini kwa muda ambao binadamu hakuwepo. Halafu mtu aliyewahi kushika dagaa mbichi anajua: ukimtoa majini anakufa kabla hujamaliza kumtazama. Kwa msafara wa miezi mitatu kutoka Bagamoyo?

---

KipeNambaSaba · #14

Hapo mwisho mwalimu umesema kweli tupu. Mimi ndiye mvuvi, nimechelewa kwa sababu nilikuwa majini.

Sina elimu ya vinasaba lakini naomba niwaambie ninachokiona. Kipe chetu ni mitumbwi miwili iliyofungwa pamoja kwa miti, wavu unashuka katikati, taa zinaning'inia pembeni. Zamani zilikuwa karabai (samahani ndugu wa #2), unapampu mafuta ya taa mpaka mkono unakufa ganzi. Siku hizi taa za sola. Wazee kabla yetu waliwasha matete kwenye mtumbwi wakawachota kwa lusenga, wavu wa mkono wenye mpini.

Tunazima injini saa mbili usiku, tunawasha taa, tunanyamaza. Kwanza hakuna kitu, maji meusi. Baada ya nusu saa unaona kama moshi mweupe chini ya taa, ni vidudu vidogo sana. Halafu saa sita, saa saba, maji yanaanza kumeta. Wanazunguka. Wote upande mmoja, kama maji yanayokorogwa na kijiko. Ukiona hivyo usikohoe. Na chini yao, ukitazama vizuri, kuna vivuli virefu vinapita: migebuka, wamewafuata kuwala. Tukivuta wavu dagaa wanatoa sauti kama mvua kwenye bati, sekunde chache tu, kisha kimya.

Mwezi ukiwa mpevu hatuendi. Siku saba nane tunashona nyavu. Hilo halina mjadala Kigoma nzima, ukipita Katonga mbalamwezi unaona mitumbwi yote iko mchangani. Ila SABABU ndiyo tunabishana kila siku. Baba alisema dagaa wanaufuata mwezi kwa sababu ni taa kubwa kuliko yetu.

Na jambo la ubahari: chukua dagaa mmoja mkavu, mkubwa, pitisha ukucha tumboni kutoka mkiani kwenda kichwani. Utahisi msumeno mdogo. Nilimpa baharia mmoja wa Unguja ajaribu, akasema huyu ni wa kwetu. Mchukue wa Mwanza, tumbo lake ni laini.

---

MwishoWaReli · #15

Nimeenda jikoni SASA HIVI. Msumeno upo! Mke wangu ananishangaa nimesimama na dagaa mmoja kwenye taa. Asante sana mkuu.

Nakuomba ueleze, au mwalimu aeleze: kwa nini wanaifuata taa hiyo? Nao wanajua kuna wavu?

---

MchangaWaKatonga · #16

Mimi naanika, siendi majini, lakini mume wangu ni mvuvi. Yeye anasema ni njaa tu. Vile vidudu vinakuja kwenye mwanga, dagaa wanafuata vidudu, mgebuka anafuata dagaa, na mvuvi anawafuata wote. Mnyororo.

---

KipeNambaSaba · #17

Shemeji yangu, kama ni njaa, mbona ukiwapasua tumboni wakati mwingine hamna kitu? Wamekaa kwenye taa saa nzima hawajala. Mimi naona ni uoga. Dagaa gizani hamuoni mwenzake, anatawanyika. Akiona mwanga anaona wenzake, anajisikia salama, wanakaa kundi.

---

MwalimuWaBaiolojia · #18

Hoja zote mbili zina watu wazito nyuma yake, na kuna ya tatu kwamba mwanga mkali unawachanganya tu, wanashindwa kuuacha, kama kumbikumbi kwenye balbu. Kwenye mwezi pia kuna mbili. Moja: mbalamwezi inaangaza ziwa lote, kwa hiyo taa yako haina tena tofauti na mahali pengine. Nyingine: mwezi ukiwaka dagaa wanabaki chini zaidi kwa sababu mgebuka huwinda kwa macho.

Chini lakini si chini sana, na hili ndilo linalonisisimua kuliko yote. Ziwa hili haligeuki. Maji ya juu ni ya vuguvugu, ya chini ni ya ubaridi kidogo na mazito, hayachanganyiki. Ukishuka kati ya mita 100 na 200 hivi oksijeni inakwisha. Kuanzia hapo hadi mita 1,470 hakuna samaki hata mmoja. Kuna bakteria, na gesi yenye harufu ya yai viza. Kwa hiyo ziwa hili lenye samaki wa aina mamia lina uhai kwenye blanketi la juu tu. Dagaa mchana anashuka kukwepa mwanga, usiku anapanda, lakini sakafu yake ni ile hewa inayokatika.

---

AsaliYaSikonge · #19

Kwa hiyo sehemu kubwa ya ziwa ni makaburi. Nimeshtuka.

---

MchangaWaKatonga · #20

Usiseme makaburi ndugu yangu, ni akiba. Upepo wa kusini, wa Mei hadi Agosti, unasukuma maji ya juu, kidogo ya chini yanapanda na mbolea yake. Baada ya upepo ndipo samaki wanapojaa. Sisi waanikaji tunauona kwenye vichanja kabla hatujausoma popote.

---

MnyamweziWaKati · #21

Mmenishinda kwa samaki, naomba nirudi na heshima ya Tabora. Mnajua mwaka 1916, vita inaendelea, Wajerumani wamefungiwa bahari na Waingereza na fedha zimekwisha, sarafu ya DHAHABU ilitengenezwa Tabora? Kwenye karakana ya reli! Dhahabu ilitoka Sekenke. Rupia 15, upande mmoja tai, upande mwingine tembo ameinua mkonga, nyuma yake mlima. Zilitoka 16,198. Leo wakusanyaji wa sarafu dunia nzima wanaitafuta, wanaiita "Tabora" tu. Karakana ya kurekebisha mabehewa imetoa moja ya sarafu nzuri kuliko zote Afrika. Na watoto wa Tabora hawafundishwi.

---

MwishoWaReli · #22

Hilo sikulijua, nakuvulia kofia. Sisi mwaka uleule tulikuwa na meli inazamishwa. Ile Graf von Götzen ililetwa vipandevipande kwenye maelfu ya makasha, ikaunganishwa hapa Kigoma, ikashuka majini 1915. Julai 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha wasiache adui aichukue, lakini mafundi wakazipaka mashine grisi nzito kwanza. Waingereza wakaiibua 1924, ikarudi kazini 1927 kwa jina la Liemba. Karibu miaka minane chini ya maji, mashine zikafufuka. Hiyo grisi!

---

BunjuLaPwani · #23

Jamani rudini kwenye bunju. Na konokono. Mwalimu hajasema kwa nini konokono wa maji baridi awe na gamba la baharini. Nimeokota moja pale ufukweni, ninalo mpaka leo, lina miiba pande zote kama kitana. Konokono wa mtoni kwetu ana gamba jembamba, ukilikanyaga linasagika kama ganda la yai. Hili hata kwa kisigino halivunjiki kirahisi.

---

MwalimuWaBaiolojia · #24

Umejijibu nusu. Kaa wa ziwani hapa wana koleo kubwa, kazi yake ni kuvunja magamba. Konokono mwenye gamba jembamba aliliwa, mwenye gamba nene na miiba akazaa. Kaa naye akawa na koleo zito zaidi. Kwa mamilioni ya miaka wamekuwa wanashindana hivyo, na ndivyo ilivyo baharini pia. Kwa hiyo mfanano si wa undugu, ni wa shida moja iliyotatuliwa kwa njia moja. Angalia gamba lako hilo vizuri, ukiona mahali limepasuka likaunganika lenyewe, huyo alishikwa akaponyoka.

---

BunjuLaPwani · #25

LIPO! Karibu na mdomo, kuna mstari kama kovu. Miaka tisa nimelitazama nikidhani ni kasoro.

---

ChumviYaUvinza · #26

Nyote mmenikimbia. Mwalimu amesema dagaa, konyeza, kaa, bunju. Chumvi ya Uvinza je? Nasubiri tangu #5.

---

MwalimuWaBaiolojia · #27

Samahani mzee wangu, sikukimbia. Maji ya Uvinza yanapita kwenye miamba ya kale mno iliyoko chini, yanayeyusha chumvi yake na kupanda nayo kwenye nyufa. Miamba hiyo ina umri ambao ukiuweka mbele ya ziwa, ziwa ni mtoto wa jana.

---

ChumviYaUvinza · #28

Na hiyo chumvi iliingiaje kwenye hiyo miamba ya kale? Si kwa maji yaliyokauka? Maji gani yenye chumvi nyingi hivyo kama si bahari? Hujambishia bibi, umempa bahari ya zamani zaidi.

---

MwalimuWaBaiolojia · #29

Hapo umenipeleka kwa wanajiolojia. Bwawa la bara linaweza kukauka likaacha chumvi pia, Eyasi na Natron ni mashahidi. Lakini swali lako ni zuri na silifuti.

---

BintiUjiji · #30

Naomba niongeze la kwetu, maana mnasema ziwa kama halijawahi kuondoka mahali pake. Kumbukumbu ya Livingstone iko Ujiji, mahali alipokutana na Stanley Novemba 1871, chini ya mwembe. Wageni wote wanauliza swali moja: maji yako wapi? Mbona walisema ni karibu na ufukwe? Leo unatembea kwa miguu kidogo kabla hujalifikia ziwa. Nilimwambia mgeni mmoja kwamba mwembe ni uleule, akafurahi, akaugusa.

---

MnyamweziWaKati · #31

Dada hapo umemdanganya mgeni. Mwembe wa wakati ule ulishakufa zamani, iliyopo ni miche iliyotokana nao.

---

BintiUjiji · #32

Nimesahihishwa, asante. Nitaanza kusema watoto wa mwembe. Lakini ufukwe je?

---

MwishoWaReli · #33

Mimi nadhani ni mchanga wa mto Luiche. Umejaza pale chini, nchi kavu imesogea.

---

MwalimuWaBaiolojia · #34

Inawezekana ina mchango wake. Ila kuna la Lukuga. Msafiri Mwingereza Cameron alifika kwenye mlango wa Lukuga mwaka 1874 akakuta umezibwa na matete na tope, maji yakipita kwa shida. Ziwa lilikuwa linapanda mwaka hadi mwaka kama beseni lililozibwa tundu. Mwaka 1878 hivi kizibo kikapasuka. Miaka iliyofuata ziwa likashuka kwa mita kadhaa, ufukwe wa Ujiji ukaachwa mchangani.

Kwa hiyo, ChumviYaUvinza, sikiliza hili ufurahi: Lukuga ukiziba, ziwa halina pa kutokea isipokuwa kuwa mvuke. Likikaa hivyo muda mrefu linakuwa zito kwa madini. Na enzi za baridi kali duniani, miaka 20,000 hivi iliyopita, mvua zilipungua na ziwa lilikuwa chini kwa zaidi ya mita 200 kuliko leo. Maji hayakuwa matamu kama anayokunywa ndugu yetu wa Tabora. Hata leo yana magadi kidogo.

---

ChumviYaUvinza · #35

Sasa tunaelewana! Bahari haikuja, lakini ziwa liliwahi kuonja ubahari. Konyeza akajisikia nyumbani.

---

BunjuLaPwani · #36

Na konyeza mwenyewe alipandaje mto Kongo na maporomoko yake? Dagaa anaogelea. Konyeza anaelea tu, maji yanampeleka yanakotaka. Mto unashuka, yeye apande?

---

AsaliYaSikonge · #37

Ndege! Miguu ya ndege wa majini. Yai linanata kwenye tope la mguu, korongo anaruka kutoka bwawa hadi bwawa.

---

Karabai · #38

Au alikuwepo mitoni tangu ile bahari ya Atlantiki iliyoingia bara, pamoja na dagaa. Ziwa likazaliwa yeye akiwa jirani.

---

MwalimuWaBaiolojia · #39

Konyeza wa maji baridi ana hatua mbili za maisha. Ya kwanza ni kitu kidogo kama uzi kilichoshika jiwe au jani. Kwa hiyo anaweza kusafiri na jani, gogo, tope, na hata mguu wa ndege kama anavyosema #37. Siondoi hoja yoyote hapo.

---

MnyamweziWaKati · #40

Na jina lenyewe? Nilisikia Tanganyika ni tanga na nyika, tanga la mashua kwenye nyika. Msafiri Mwingereza Burton aliandika ni kuchanganyika, maji yanapokutana. Nchi nzima ilipewa jina la hilo ziwa mwaka 1920 na hatukubaliani maana yake.

---

BintiUjiji · #41

Ujiji utasikia zote mbili kwenye kibaraza kimoja. Mimi nakaa upande wa kuchanganyika, kwa mito yote inayoingia. Ila mzee jirani yangu akisikia hivyo anaondoka na kahawa yake.

---

KipeNambaSaba · #42

Wakuu nawaaga, naingia majini. Mwezi leo unachomoza usiku sana, tuna giza la kutosha kabla yake. Nimebeba ndoo nyeupe, mpya, haijawahi kuwekwa mafuta. Nikiona konyeza kwenye taa namchota nimlete asubuhi Kibirizi, mwalimu kama uko Kigoma njoo umwone. Nitahesabu na wanaojitokeza: kabla ya dagaa, au baada yao.

---

MwalimuWaBaiolojia · #43

Nipo Kasulu, napanda gari la kwanza. Angalia pia kama wanapanda wenyewe kwenye mwanga au wanapita tu na maji.

---

BintiUjiji · #44

Usimshike kwa mkono. Zamisha ndoo polepole, mwache aingie mwenyewe na maji yake.